Inchi Kumi na Mbili

Sorrel Lake, Montana
11 Machi 1918

Dada Lavinia,

Umeuliza kama ningali hai. Ningali, na nimenenepa kidogo kwa nyama ya paa anayoniletea Anton Brehmer kila Ijumaa. Kila mara anadai paa huyo alijigonga mwenyewe kwenye bunduki yake. Nami kila mara namwambia Wajerumani ni waongo wabaya, hawana mazoezi. Anacheka mpaka anakohoa.

Batamaji weupe hawajafika. Barafu ya ziwa leo asubuhi ilikuwa inchi kumi na tatu na nusu. Pipa limesimama katikati, limejaa mawe, na mji mzima umeshaandika makisio yake ya siku na saa litakapozama. Mwaka huu wako mia moja na arobaini na tatu kwenye orodha, kuanzia mchungaji mpaka mlevi wa stesheni, na nitakutumia nakala kama kawaida ili ucheke. Huu ni mwaka wangu wa kumi na tisa wa kuwa mwamuzi. Watu hawa hawaniamini kuhusu Mungu wala kuhusu siasa, na vitabu vyangu wanavitumia kuzuia milango isifungwe na upepo, lakini kuhusu barafu wananiamini. Kila siku saa moja asubuhi tunatoka mimi na Wendell Oakes wa posta, tunatoboa kwa keke, tunapima, naandika katika daftari, naye anatia sahihi pembeni. Sahihi mbili, ili asije mtu akasema tumependelea.

Sasa habari mbaya, maana najua umeruka mistari kuitafuta. Wiki iliyopita Kamati ya Uaminifu ilinijia mlangoni na kadi ya kiapo cha kuunga mkono vita. Alitangulia Harlan Stroud, mwenye kiwanda cha mbao, na nyuma yake wanaume sita.

"Asa, ni sahihi tu," akasema. "Kitu kidogo."

"Kitu kidogo kinafuatwa na watu saba?"

"Watu wanasema mambo juu yako."

"Waache waseme. Nami nadai haki hiyo hiyo ya kusema."

"Kuna sheria mpya sasa, mzee. Neno baya juu ya bendera au jeshi ni miaka ishirini."

Nikamwambia kwamba sijawahi kusema neno baya juu ya bendera, nimesema juu ya wanaojifuta nayo midomo. Sikutia sahihi. Brehmer naye hakutia. Ana ndugu wawili upande ule wa vita, hawezi kuapa kuwatakia kifo. Ni jambo ambalo hata mbwa wangu analielewa.

Wamemfanya Wendell karani wa Kamati. Nilimtania: "Siku hizi unawaandikia wajinga mikutano yao?" Akanijibu kwa ule utaratibu wake: "Afadhali aandike mtu anayeandika kilichotokea."

Nimekutumia sura ya mwisho ya kitabu. Ni ya panya-maji wajengao mabwawa, pamoja na kurasa nne juu ya vita. Mpe mchapishaji zote.

Kaka yako,
Asa Pettengill


Worcester, Massachusetts
18 Machi 1918

Asa,

Nimempa mchapishaji panya-maji. Zile kurasa nne nimezitoa, ziko kwenye droo yangu chini ya vitambaa vya meza. Nichukie ukipenda. Bwana yule alikwisha nionya kwamba kitabu chenye neno moja juu ya vita hakitapita posta, na mwaka jana uliishi kwa kitabu, hukuishi kwa msimamo.

Tia sahihi kadi hiyo. Umeandika vitabu saba na barua elfu moja za ugomvi kwa magazeti, na wino haujakuua. Unajisifu kwamba unaandika unachokiona. Haya, tazama: wao ni saba na wewe ni mmoja, na nyumba yako ni ya mbao, na jirani wa karibu ni huyo Mjerumani ambaye wanamchukia kuliko wewe. Hicho ndicho kilichopo mbele ya darubini yako. Kiandike.

Huyo Wendell Oakes simpendi tena. Nilikuwa nampenda kiangazi kilichopita, aliponibebea sanduku kutoka stesheni na kukataa ahsante. Lakini mtu anayewaandikia ni mtu wao, Asa. Karani hakai nje ya chumba.

Chumba cha juu kipo tayari. Dirisha linatazama mti wenye kiota, ingawa sijui ni cha ndege gani. Njoo unitukane hapa.

Dada yako,
Lavinia Crewe


Sorrel Lake
26 Machi 1918

Dada,

Anton Brehmer amekufa. Nitakuandikia kwa mpangilio, kama ninavyoandika daftarini.

Jumapili ya Matawi, tarehe 24, saa moja asubuhi: barafu inchi kumi na mbili. Tulipima mimi na Wendell. Saa tatu watu wa upande huu walivuka ziwa kwenda kanisani kama walivyofanya majira yote ya baridi, kwa sleji za farasi. Akina Stroud walivuka na farasi wanne na jamaa nzima ndani.

Siku hiyo hiyo, saa kumi na moja na robo jioni, jua likiwa bado juu ya misonobari, nilikuwa dirishani na darubini nikitafuta batamaji. Niliona wanaume watano wakienda ziwani kwa miguu na sleji ndogo. Juu ya sleji kulikuwa na msumeno mrefu wa kukatia barafu na bendera. Katikati yao alitembea Brehmer, wa sita, bila kofia. Brehmer hatoki bila kofia. Walienda mpaka nyuma ya rasi ya mawe inayoingia ziwani, nisikoweza kuona. Nilivaa viatu. Nilipofika ufukoni walikuwa wanarudi, nao walikuwa watano. Nikamwuliza Stroud, "Brehmer yuko wapi?" Akasema, "Nani?" Wengine wakatazama viatu vyao. Nikataka kupita, wawili wakanirudisha mpaka mlangoni kwangu, kwa adabu, kila mmoja ameshika kiwiko, na mmoja wao akakaa barazani hadi asubuhi.

Jumatatu saa moja asubuhi alikuja Wendell na keke lake kama siku zote, na yule wa barazani akaondoka. Tukaenda nyuma ya mawe. Kulikuwa na tundu lililoanza kuganda upya, na bendera imesimamishwa kando. Dada, barafu ikivunjika yenyewe hupasuka kama sahani. Tundu hili lilikuwa na pembe nne. Nilimwona Anton chini ya ule utando mpya. Tulimtoa mimi na Wendell.

Kisha tukapima, hatua tatu kutoka tundu. Inchi kumi na mbili. Nikaandika, nikampa Wendell kalamu. Akaigeuza vidoleni. Nikasema, "Ni ngapi, Wendell?" Akasema, "Kumi na mbili." Nikasema, "Basi." Akatia sahihi.

Leo daktari wa wilaya ametangaza kwamba Mjerumani alikuwa akitoroka kwa miguu na barafu mbovu ikakatika chini yake. Barafu mbovu, katika mji unaoipima kila asubuhi. Hawakukumbuka daftari, Lavinia. Waliua mtu kisha wakachagua uongo mmoja tu ambao mji huu una kitabu chake.

Nimeandikia gazeti la makao makuu ya wilaya, na watachapisha, kwa sababu mhariri ana ugomvi na Stroud juu ya mbao. Majina ya wale watano yamo daftarini pamoja na saa. Daftari lenyewe nimelificha pale ulipolia kiangazi kilichopita na kuniita mshenzi. Hakuna mwingine ajuaye.

Kuhusu Wendell umekosea. Namfahamu kwa miaka kumi na tisa. Mwaka mmoja mkewe alikuwa ameandika saa kumi kamili, mwingine saa tisa na dakika hamsini na saba, pipa likazama saa tisa na dakika hamsini na nane, na zawadi ilikuwa ng'ombe. Alitia sahihi tisa na hamsini na nane huku mkewe akimtazama. Mtu kama huyo hakunjiki. Barua hii namkabidhi mkononi.

Asa


Ofisi ya Posta, Sorrel Lake
6 Aprili 1918

Mheshimiwa Bibi Crewe,

Nasikitika kukujulisha kwamba kaka yako alikamatwa Jumatano tarehe 3 na sherifu, kwa sababu ya ile barua ya gazetini. Yupo jela ya wilaya. Ana afya. Nilimpelekea blanketi na tumbaku, wakapokea blanketi.

Mashtaka ni kwamba ametunga uongo wa kulichafua taifa na bendera wakati wa vita. Kesi itasikilizwa tarehe 24. Wakili aliyepewa ni kijana, hajui pa kuanzia. Nyumba imekwisha pekuliwa mara mbili. Mara ya pili walivunja sakafu. Mbwa nimemchukua mimi.

Asa haniambii neno mbele ya mlinzi. Nadhani anaogopa kwa ajili yangu. Kama kuna karatasi yoyote inayoweza kumsaidia, na kama unajua ilipo, ingekuwa vyema iwe mikononi mwa rafiki kabla hawajarudi mara ya tatu. Wanasema mara ya tatu watakuja na mafuta ya taa.

Mwanangu Lyle ameshavuka bahari. Tuombeane.

Wako mtiifu,
Wendell Oakes
Mkuu wa Posta


Worcester
11 Aprili 1918

Bwana Oakes,

Nimekaa na barua yako siku nzima. Sitakuficha, mwezi uliopita nilimwandikia kaka yangu kwamba sikuamini. Alinijibu kwa hasira, na akanisimulia habari za ng'ombe ambaye mkeo hakumpata. Ameniambia pia ni nani alisimama naye kando ya tundu lile, na ni nani alisema "kumi na mbili." Kwa hiyo naandika kwa mtu anayemfahamu yeye, si kwa mtu ninayemfahamu mimi.

Nyuma ya nyumba kuna mizinga minne ya nyuki. Wa tatu kutoka uzio ni mtupu. Kiangazi niliufunua nikidhani hivyo, kumbe haukuwa mtupu wakati huo, na kaka yangu alicheka mpaka akakaa chini. Daftari limo humo.

Sina la kukufundisha. Sahihi yako ipo pembeni mwa kila siku. Mpe wakili. Simama, useme ulichokiandika. Ni maneno matatu tu, nayo yana thamani ya maisha ya kaka yangu.

Mungu amlinde Lyle.

Lavinia Crewe


Jela ya Wilaya
27 Aprili 1918

Dada,

Barua hii inatoka na wakili, ndani ya soksi yake, kwa hiyo uisamehe.

Ni miaka kumi na miwili, katika gereza la jimbo huko Deer Lodge. Nina miaka hamsini na tisa. Fanya hesabu mwenyewe, mimi nimekataa.

Kesi ilichukua siku moja na nusu. Ukumbi ulijaa. Kila uso niliufahamu, na makisio yake ya pipa niliyakumbuka. Wajumbe wa jopo la kuamua kama nina hatia walikuwa kumi na wawili, na angalau saba kati yao niliwaona kwa macho yangu wakivuka ziwa Jumapili ile kwenda kubeba matawi.

Mwendesha mashtaka akamwita Wendell. Nilifurahi, dada. Nilimgusa wakili goti nikamwambia, "Sasa tazama." Wendell akaingia na daftari langu chini ya kwapa.

"Bwana Oakes, hiki ni kitabu gani?"

"Cha barafu."

"Sahihi hii ya pembeni ni ya nani?"

"Yangu."

"Tusomee Jumapili tarehe 24."

Akasoma. "Inchi mbili."

Nilisimama, mlinzi akanikalisha. Wakili aliomba kukiona, akanisogezea. Ni kitabu chenyewe, mwandiko wangu, sahihi yake. Ukurasa wenye majina matano haupo. Na kuanzia tarehe 22, kila penye 12, ile tarakimu ya moja imekwanguliwa kwa ncha ya kisu, taratibu, na karatasi ikalainishwa kwa ukucha. Kazi safi. Ni mtu mmoja tu katika mji huu ana mkono mtulivu kiasi hicho.

Yule kijana wakili alijitahidi. "Bwana Oakes, pipa limejaa mawe. Lilisimama juu ya barafu ya inchi mbili mpaka Aprili?"

"Pipa halitembei," akasema Wendell. "Mtu anatembea."

Watu wakacheka. Si kicheko cha furaha, kilikuwa cha watu waliopewa mlango wa kutokea. Wakili akawageukia wale kumi na wawili. "Ninyi wenyewe mlivuka na farasi." Hakimu akamkataza, akasema jopo si mashahidi. Mzee Tolliver wa zizi la farasi, aliyekaa kiti cha pili, alikuwa anatazama dari. Farasi wake alivuka mara nne siku hiyo. Walitoka kushauriana dakika kumi na moja, wakarudi na hatia.

Nimekuwa nikifikiri. Nilikuwa najiona mjuzi wa wanyama na wa watu, na nilikosea jambo ambalo mtoto wa shule angeliona. Nilidhani mtu asiyeiba robo inchi hawezi kuiba kumi. Kumbe robo inchi haikuwahi kumgharimu kitu zaidi ya ng'ombe. Miaka kumi na tisa Wendell hakuwa mkweli, alikuwa hajaombwa. Mara ya kwanza alipoombwa na mtu anayeogopwa, alitoa kila kitu, kwa mwandiko mzuri. Na nchi nzima sasa imejaa Wendell, Lavinia. Wenye majoho, wenye mimbari, wenye magazeti, watu safi wa vipimo vidogo. Stroud mmoja hawezi kumzamisha mtu. Anahitaji karani.

Jambo moja linanisumbua. Sijui walijuaje mzinga. Nimewaza usiku na mchana kama niliota nikasema kwa sauti mbele ya mlinzi. Najua si wewe, kwa hiyo usijitese kwa kufikiri labda barua yako iliibwa. Ni mimi tu nitakuwa nimeropoka mahali.

Batamaji walipita juu ya jela tarehe 19. Sikuwaona, niliwasikia.

Asa


Ofisi ya Posta, Sorrel Lake
9 Mei 1918

Bibi Crewe,

Barua yako ya mistari mitatu nimeipata. Maneno uliyotumia nayastahili, sitajitetea. Nataka tu ujue yaliyotokea.

Siku nilipotoa daftari mzingani nilikwenda nalo nyumbani. Nilikuwa nimekusudia kulipeleka kwa wakili. Naapa. Nilikuta Stroud amekaa sebuleni na mke wangu Cora, wanakunywa kahawa. Hakunitisha. Alisema, "Wendell, mwanao yuko kwenye mahandaki. Siku telegramu ikija, kama itakuja, unataka mji huu uwe umesimama nyuma yako, au uwe nyuma ya Mjerumani aliyekufa?" Kisha akaulizia hali ya mguu wa Cora. Hicho tu. Alipoondoka alikuwa hata hajaliona daftari. Lilikuwa ndani ya koti langu, kifuani.

Angeliomba, pengine ningekataa. Hakuomba. Nilifanya mwenyewe, kwenye meza ya jikoni, mchana, na Cora anaosha vyombo. Nilipomaliza nilimpelekea Stroud.

Kuna jambo la pili. Tangu Februari nina amri ya kufungua barua za kaka yako. Ile ya tarehe 26 Machi aliyonikabidhi mkononi niliifungua kwa mvuke wa birika. Nilisoma aliyosema juu yangu. Nilipaswa kuipeleka kwa Kamati, lakini niliifunga tena nikaiacha iende. Ile ni barua pekee ulimwenguni yenye "kumi na mbili" isiyokwanguliwa, na ipo kwako kwa sababu yangu.

Nakuomba uichome. Haitamtoa Asa. Nimemwuliza mwanasheria kwa njia ya mbali, anasema barua ya mshtakiwa kwa dada yake si ushahidi. Lakini ikichapishwa, watauliza ilipitaje hapa, na hapa nipo mimi peke yangu. Lyle hana kosa.

Mbwa anakula vizuri.

W. Oakes


Worcester
20 Mei 1918

Bwana Oakes,

Sitaichoma.

Kwa gari la moshi la kesho nakutumia bahasha mia moja na arobaini na tatu. Majina nimeyatoa kwenye orodha ya pipa ya mwaka huu, ambayo kaka yangu alinitumia nicheke. Kila mtu aliyekisia barafu ana bahasha yake, Stroud ana yake, mchungaji ana yake, na wale kumi na wawili wa jopo wana zao. Na kwa kuwa nawe ulikisia, unayo yako.

Ndani hakuna matusi wala siasa wala jina la vita, nimehakikisha na wakili. Kuna nakala ya ile barua, na chini yake swali moja: "Jumapili ya Matawi ulivuka ziwa. Barafu ilikuwa inchi ngapi?" Na kadi yenye anwani yangu ya kujibia. Hawahitaji kuandika jina, tarakimu inatosha.

Utazipanga kwenye visanduku vyao kwa mkono wako, kama kazi yako ilivyo. Au utazipeleka kwa Kamati. Safari hii mtu amekuomba waziwazi, na ameomba ukweli.

Lavinia Crewe


Worcester
17 Juni 1918

Kaka yangu Asa,

Wakili anasema barua zako sasa ni moja kwa mwezi, na mkuu wa gereza anazisoma kwanza. Habari za asubuhi, bwana mkuu. Endelea, hakuna siri humu, mimi siri zimeniishia.

Mimi ndiye niliyemwambia Wendell habari ya mzinga. Nimeiandika sentensi hii mara tano katika barua tano na kuzitia motoni, na hii ni ya sita. Aliniandikia ulipokamatwa, akasema yeye ni rafiki, akataja mafuta ya taa, nikaogopa. Mimi niliyekuonya juu yake. Nilifungua barua yako nikasoma "mtu kama huyo hakunjiki," nikaamini mwandiko wako kuliko pua yangu. Hukuropoka popote. Ulikaa kimya mbele ya walinzi wiki tatu, na mimi nikakuuza kwa stempu moja, kwa upendo. Ukitaka kuacha kuniandikia nitaelewa, lakini nitaendelea kukuandikia, utake usitake.

Utakuwa umesikia juu ya bahasha. Hakuna kadi iliyorudi. Nilingoja wiki tatu nzima, kila siku nikienda mlangoni kabla mleta barua hajapiga hodi, mpaka akaniuliza kama nina mchumba vitani. Jumatano iliyopita walikuja watu wawili wa serikali wenye kofia wakataka kujua nimepata wapi kichapishio. Nikawapa chai. Mmoja aliandika kila nilichosema, na aliniuliza jinsi ya kuandika jina Brehmer. Nikamwandikia kwa herufi kubwa. Tangu siku hiyo mmoja wao husimama ng'ambo ya barabara chini ya ule mti wenye kiota. Ameshanizoea, leo amenivulia kofia. Mchapishaji amerudisha kitabu chako chote, na panya-maji wake. Zile kurasa nne nimezitoa droo, nimezirudisha mahali pake.

Jana lilifika gunia kutoka Sorrel Lake. Bahasha zote, hazijafunguliwa, kila moja imegongwa muhuri mwekundu: HAIPITI KWA AMRI. Nilizimwaga sakafuni nikakaa katikati yake kama mjinga. Niliona jina la Stroud. Niliona la Tolliver. Zilikuwa zimefungwa kwa kamba katika mafungu ya kumi kumi, kwa mpangilio wa alfabeti, nadhifu. Unajua ni mkono wa nani.

Nikazipanga tena mimi mwenyewe dhidi ya orodha yako, jina kwa jina, maana sikuwa na kazi nyingine na yule bwana wa chini ya mti alikuwa anatazama dirishani na nilitaka anione na shughuli. Zilitimia mia moja na arobaini na mbili. Nikarudia. Nikatikisa gunia.

Bahasha ya Wendell Oakes haimo. Sijui kama ameichoma au ameitia mfukoni, wala sijui kama katika nyumba ile kuna kadi yenye anwani yangu inayongoja tarakimu. Nimefungua kisanduku cha barua mara tano tangu jana.

Nitaendelea kwenda mlangoni.

Lavinia